Shamba Linalosubiri: Wanawake wa Ufuo wa Mweru na Safari za Kutafuta Kazi

Mswada wa kipindi cha historia. Unaweza kusikilizwa katika kikundi au kusomwa nyumbani.

(Muziki wa kufungulia. Unashuka polepole, kisha unanyamaza.)

MTANGAZAJI: Salamu kwenu nyote, wasikilizaji wapenzi, mlioko Mantapala, Meheba, Mayukwayukwa na popote sauti hii inapofika. Karibuni katika kipindi chetu cha historia. Leo tunazungumzia wanawake wenyeji wa ufuo wa Ziwa Mweru, kuanzia Mofwe na Kashikishi hadi Chiengi, waliofunga mizigo yao kwenda kutafuta kazi ndani ya nchi yao wenyewe.

Wengi wenu mlivuka kuja upande huu kwa sababu ya vita. Akina mama tutakaowasikia leo hawakukimbia risasi. Waliondoka kwa ajili ya kodi, njaa, ujane, au mume aliyekwenda mgodini na hakutuma habari. Hata hivyo, mambo waliyokutana nayo njiani mtayatambua: kizuizi barabarani, karatasi isiyopatikana, maneno ya watu, na swali la nani atakaa na watoto. Tusikilize walivyopita. Mwishoni tutakuwa na maswali ya kujadiliana. Msimulizi wetu, karibu.

SEHEMU YA KWANZA: KIKAPU CHA UDONGO NA CHUNGU CHA MAJI

MSIMULIZI: Ahsante sana. Kwenye ufuo huu, hata simulizi ya nani mwenye nchi huanza na mwanamke aliyeondoka kwao. Wazee husimulia habari za Nachituti, dada wa Nkuba. Nkuba alikuwa mtawala wa Washila, wavuvi waliokuwa ziwani kabla Walunda hawajafika. Simulizi inasema Nkuba alimuua mtoto wa dada yake. Nachituti alipojua, alikwenda kwa Mwata Kazembe, mfalme wa Walunda, akaomba mwanawe alipiziwe kisasi. Watu wa Kazembe wakamshinda Nkuba na kumuua. Ndipo Nachituti akamkabidhi Kazembe kikapu cha udongo na chungu cha maji. Udongo ulikuwa nchi, na maji yalikuwa ziwa.

Simulizi hii bado inaishi Mwansabombwe, makao ya Mwata Kazembe karibu na maji ya Mofwe. Huko ndiko watu hukusanyika kila mwezi wa Julai kwa sherehe ya Umutomboko. Wengi huisikia kama habari ya wafalme. Leo tuisikilize kama habari ya ukoo. Watu wa Luapula, yaani Washila, Wabwile, Wabemba na majirani zao, huhesabu ukoo kwa upande wa mama. Mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mrithi wa mwanamume ni mtoto wa dada yake. Kwa hiyo Nkuba aliyemwaga damu ya mpwa wake alivunja nguzo ya nyumba yake mwenyewe.

Desturi hiyo ilimpa mwanamke kitu cha kushika. Shamba lake lilikuwa katika kijiji cha ndugu zake, na mara nyingi mume ndiye aliyehamia kwao. Alichovuna kilikuwa chake, na mali ya mke na mali ya mume hazikuchanganywa ovyo. Mama mwenye shamba aliweza kubadilishana muhogo kwa samaki na kuamua mwenyewe.

Lakini tusipambe mambo ya zamani. Katika karne ya 19, wanawake wengi wa nchi hizi walihamishwa bila hiari yao. Ilikuwa enzi ya biashara ya watumwa na pembe za ndovu, enzi ya misafara ya kutoka pwani na ya Msiri aliyetawala Garenganze, huko Katanga. Mwanamke aliweza kutolewa kuwa rehani kwa deni la mjomba wake, au kutekwa vitani na kuuzwa. Mmisionari Dugald Campbell aliandika maisha ya Bwanikwa, mwanamke Mluba aliyeuzwa mara kumi kabla ya kupata uhuru wake. Tukizungumzia kuhama, tuanze na tofauti hiyo: kuna anayekwenda, na kuna anayepelekwa.

(Muziki mfupi.)

SEHEMU YA PILI: KODI, SHABA NA MUHOGO

MSIMULIZI: Mwaka 1894 Waingereza na watu wa Mfalme Leopold wa Ubelgiji walikubaliana mpaka. Mto Luapula na Ziwa Mweru, ambavyo viliunganisha ndugu wa ng'ambo mbili, vikawa mstari kwenye ramani. Upande wa mashariki ukaja kuwa Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia. Upande wa magharibi ukawa Kongo. Wabwile walijikuta wako katika nchi mbili bila kusogeza nyumba hata moja.

Baada ya mpaka ikaja kodi. Mwanzoni mwa miaka ya 1900 kila mwanamume alidaiwa kodi ya kibanda, na ilitakiwa ilipwe kwa fedha. Samaki na muhogo havikutosha kuipata fedha hiyo haraka. Kilichotosha ni shaba. Reli ilifika Elisabethville, yaani Lubumbashi ya leo, mwaka 1910. Kampuni ya Union Minière, iliyoanzishwa mwaka 1906, ilihitaji maelfu ya mikono. Maajenti wa Robert Williams walipita katika vijiji vya Rhodesia ya Kaskazini kuandikisha vijana. Kwa watu wa Luapula, Katanga ilikuwa karibu kuliko miji yao wenyewe. Wengi walijifunza Kiswahili huko, wakarudi nacho hadi ufuoni. Kwa hiyo, ndugu msikilizaji, lugha unayoisikia sasa ilikuwa imeshavuka maji haya kabla yako.

Mwishoni mwa miaka ya 1920 migodi mikubwa ilianza kujengwa upande wa Rhodesia pia: Roan Antelope huko Luanshya, Nkana huko Kitwe, na Mufulira. Eneo hilo likaitwa Ukanda wa Shaba. Wanaume wakageukia huko.

Sasa tuangalie nyumbani. Audrey Richards, mtafiti aliyeishi kati ya Wabemba katika miaka ya 1930, alieleza jinsi vijiji vya nyanda za juu vilivyoteseka wanaume walipoondoka. Kilimo chao cha chitemene kilihitaji vijana wa kupanda mitini na kukata matawi ya kuchomwa. Bila vijana, ulezi ulipungua na njaa ikaingia.

Kwenye bonde la Luapula na ufuo wa Mweru hali ilikuwa tofauti kidogo, na sababu yake ni muhogo. Wareno waliofika kwa Kazembe mwaka 1831 walikuta muhogo umeshakuwa chakula cha watu. Mwanamke anaweza kuutunza kwa jembe lake mwenyewe. Tena muhogo una tabia ambayo mahindi hayana: unasubiri. Ukikomaa, si lazima uvunwe wiki hiyo. Unakaa ardhini mwaka mmoja na nusu, au miwili, ukingoja mwenyewe arudi. Dada au mama mzazi anaweza kung'oa mashina machache kila siku kwa bukari ya watoto, na shamba likabaki.

Ghala hilo lililofukiwa ardhini ndilo lililomwezesha mwanamke wa Luapula kwenda mjini kwa miezi, hata mwaka, bila kufunga nyumba kabisa. Aliyekuwa na shamba nyuma yake aliingia mjini na kitu cha kurudia. Aliyekuwa hana aliingia mikono mitupu, na watu wa mjini walilitambua hilo upesi.

(Muziki mfupi.)

SEHEMU YA TATU: CHETI CHA NDOA

MSIMULIZI: Mwanzoni mabwana wa migodi walimtaka mwanamume peke yake. Mke na watoto wabaki kijijini, na kijiji kilishe familia. Hivyo mshahara ungeweza kuwa mdogo. Lakini mwanamume asiye na mke alichoka upesi, akaugua, akatoroka. Kuanzia miaka ya 1920 Union Minière ilianza kuwahimiza wafanyakazi wake waje na wake zao. Huko Luanshya, mgodi wa Roan Antelope nao ukawapokea wanawake kambini mapema kuliko migodi mingine. Mameneja walikuwa wamepiga hesabu. Mke alipika, alichota maji, alilima bustani, aliuguza mgonjwa na kulea. Kazi hiyo yote kampuni iliipata bila kulipa.

Wanawake wakaja. Wengine walikuja na waume zao, wengine kuwatafuta waume waliopotea, na wengine walikuja peke yao. Hawa wa mwisho ndio waliowatia watu hofu.

Machifu na wazee walilalamika. Binti akienda mjini, nani atapokea mahari yake? Kijana anayepaswa kumtumikia baba mkwe atamtumikia nani? Serikali ya kikoloni, iliyowategemea machifu kutawala, iliwasikiliza. Katika miaka ya 1930 na 1940 mamlaka za kienyeji zilitoa amri kwamba mwanamke asiye na mume asisafiri kwenda mijini bila ruhusa. Malori yalisimamishwa barabarani na wanawake wakateremshwa. Mjini kulikuwa na mahakama za kienyeji, zilizoanzishwa kuelekea mwisho wa miaka ya 1930, na mojawapo ya kazi zake ilikuwa kuandikisha ndoa. Mwanamke asiyeweza kuonyesha kwamba ameolewa aliweza kukamatwa katika msako kambini, akatozwa faini au kurudishwa kijijini.

Tuifikirie karatasi hiyo. Mwanamume alipata kibali cha kukaa mjini kwa kazi yake. Mwanamke alikipata kwa mume wake. Nyumba ilikuwa ya kampuni, na iliandikwa jina la mfanyakazi. Mume akifa, akifukuzwa kazi au akimwacha mkewe, nyumba ilikwenda pia. Ndiyo maana zilizuka ndoa za haraka mjini. Watu walizisema vibaya, lakini kwa wanawake wengi zilikuwa paa. Mwanamke alipika na kufua kwa mwanamume aliyemjua siku chache ili apate pa kulala bila kuogopa msako.

Wazee waliwaita wanawake hao majina mabaya, na maofisa wa kikoloni wakayaandika majina hayo katika ripoti zao. Anayezisoma leo hana budi kukumbuka nani alishika kalamu. Mwanamke aliyeteremshwa kwenye lori hakuulizwa anakwenda kufanya nini.

SEHEMU YA NNE: KAZI WALIZOFANYA

MSIMULIZI: Walikwenda kufanya nini? Migodi haikuwaajiri wanawake chini ya ardhi. Kazi za ndani katika nyumba za Wazungu zilifanywa zaidi na wanaume. Kwa hiyo wanawake walitengeneza kazi yao.

Walilima bustani pembezoni mwa kambi na kuuza mboga. Walipika chakula kwa wanaume wasio na wake. Waliuza samaki wakavu waliotumwa na ndugu zao kutoka ufuoni. Na walipika pombe. Pombe ndiyo iliyoleta fedha nyingi zaidi, na ndiyo iliyoleta polisi. Mabaraza ya miji na makampuni yalikuwa na vilabu vyao vya pombe na hayakutaka mshindani. Mama aliyekutwa na pipa alimwagiwa pombe yake chini na kutozwa faini. Wiki iliyofuata alianza tena, kwa sababu ada ya shule haikungoja.

Kulikuwa pia na njia ya shule. Huko Mbereshi, si mbali na Mwansabombwe, mmisionari Mabel Shaw alianzisha shule ya bweni ya wasichana mwaka 1915 na kuiongoza hadi mwaka 1940. Ilikuwa ya kwanza ya aina yake katika Rhodesia ya Kaskazini. Lengo lake lilikuwa kuwafundisha wawe wake na mama wema wa Kikristo. Lakini msichana akishajua kusoma, mwalimu hawezi kumpangia yote atakayoyasoma. Kati ya wasichana wa shule za misheni walitoka walimu na wauguzi, wanawake waliokwenda mijini na mshahara wenye jina lao wenyewe.

Tena safari yenyewe ilikuwa na kioja chake. Kipande cha ardhi ya Kongo kimeingia kati ya Luapula na Ukanda wa Shaba. Njia ya mkato kutoka Mansa kwenda Mufulira hupita Chembe, kisha hukatisha kilomita 70 hivi ndani ya Kongo, katika eneo liitwalo Pedicle. Mama wa Nchelenge aliyekwenda Kitwe kuuza samaki, safari ya ndani ya nchi yake, alipaswa kuingia nchi nyingine na kutoka tena. Kila kizuizi cha barabara hiyo kilikuwa na mtu wa kukagua mizigo. Kwa miaka mingi mto pale Chembe ulivukwa kwa pantoni, hadi daraja lilipofunguliwa mwaka 2008. Njia ya upande wa kusini, inayopita Samfya na kuvuka mabwawa kuelekea Serenje, ilikwepa Kongo lakini ilikuwa ndefu zaidi.

Zambia ilipopata uhuru tarehe 24 Oktoba 1964, vizuizi vya kikoloni vya kusafiri viliondoka. Miji ikajaa. Sasa mwanamke aliweza kupanda basi bila kuulizwa mume wake ni nani. Kilichobaki ni kupata mahali pa kufikia, na hapo ndugu wa upande wa mama walisaidia. Mama mdogo aliyekuwa Ndola alimpokea mpwa, mpwa akampokea binamu. Kibemba kilisemwa ufuoni na mjini pia, hivyo mgeni hakuwa bubu sokoni.

(Muziki mfupi.)

SEHEMU YA TANO: NJIA INAGEUKA

MSIMULIZI: Katikati ya miaka ya 1970 bei ya shaba ilianguka duniani. Miaka ya 1980 ilikuwa migumu mijini, na kati ya mwaka 1997 na 2000 migodi ya serikali iliuzwa kwa makampuni binafsi. Maelfu walipoteza kazi. Watu wakaanza kurudi vijijini, na wengi wa Luapula wakarudi ufuoni.

Ziwa walilolirudia halikuwa lile la bibi zao. Zamani palikuwa na mpumbu, samaki mkubwa aliyepanda Mto Luapula kwa makundi wakati wa kutaga. Wafanyabiashara Wagiriki wa Kasenga walimnunua kwa ajili ya kulisha wachimbaji wa Katanga. Alivuliwa bila kiasi katika miaka ya 1940, makundi yake yakatoweka. Baadaye pale, samaki wa jamii ya sato, naye akapungua. Uvuvi wa samaki wakubwa ulihitaji mashua, nyavu nyingi na injini, na wenye vitu hivyo walikuwa wanaume wenye fedha.

Ndipo samaki mdogo akapata thamani: chisense, dagaa wa Mweru, anayefanana na ndagala wa Ziwa Tanganyika. Huvuliwa usiku kwa taa. Asubuhi humwagwa juani, na siku ya jua kali hukauka jioni hiyo hiyo. Hahitaji barafu, hahitaji chumvi, hahitaji kuni za kumbanika. Hupimwa kwa kopo liitwalo meda na kuuzwa kwa fungu dogo ambalo hata maskini wa Kitwe analimudu. Biashara hii iliweza kuanzwa kwa mtaji wa kitenge kimoja.

Wanawake waliielewa haraka. Waliorudi kutoka mjini walijua bei ya huko na mahali pa kuuzia. Waliobaki ufuoni walijua wavuvi. Wengine walileta salaula, yaani mitumba, wakabadilishana kwa chisense. Wapo waliofika mbali zaidi: walinunua nyavu na taa, wakaajiri wanaume wa kuvua. Kashikishi ikawa mahali pa kuhamia. Wanawake wa bara walishuka ufuoni kutafuta kazi ya kuanika, kubeba na kuuza, na wanawake wa mjini walikuja kununua. Barabara ile ile iliyowapeleka bibi zao kwenye shaba sasa ilileta wajukuu kwenye samaki.

Biashara hii ina machungu yake pia. Mvua ikinyesha siku mbili mfululizo, chisense walioanikwa huoza na mtaji huoza nao. Kila mwaka, kuanzia tarehe 1 Desemba hadi mwisho wa Februari, serikali hufunga uvuvi ili samaki wazaliane. Miezi hiyo mama asiye na shamba hula akiba yake yote. Hapo tena muhogo ndio unaotofautisha aliyeyumba na aliyeanguka.

Lipo jambo jingine, nalo lazima lisemwe wazi. Samaki wakiadimika, wapo wavuvi wanaokataa fedha ya mwanamke na kudai mwili wake kwanza. Jambo hili limeonekana katika maeneo mengi ya uvuvi, Zambia na kwingineko. Limeharibu ndoa na limesambaza virusi vya UKIMWI. Mwanamke anayefika ufuoni peke yake, bila ndugu na bila mtaji, ndiye anayebanwa zaidi. Wanaofanya biashara kwa kikundi, wakanunua pamoja na kusafirisha pamoja, wana nguvu ya kumwambia mvuvi wa namna hiyo: tutanunua kwa mwenzako.

SEHEMU YA SITA: MJANE NA SHERIA

MSIMULIZI: Tulisema mume akifa mjini, nyumba ilikwenda. Mara nyingi na vyombo vilikwenda. Ndugu wa marehemu walifika na lori wakabeba kitanda, cherehani na mabati. Kwa miaka mingi wajane wengi walirudi ufuoni na watoto na fungu la nguo, wakaanza upya wakiwa na miaka 40 au 50.

Mwaka 1989 Zambia ilipitisha sheria ya urithi kwa mtu aliyekufa bila kuacha wosia. Sheria hiyo inagawa mali hivi: watoto asilimia 50, mjane asilimia 20, wazazi wa marehemu asilimia 20, na wategemezi wengine asilimia 10. Kunyang'anya mali ya mjane ni kosa. Mwaka 2011 ikafuata sheria dhidi ya ukatili wa kijinsia. Mwaka huo huo ilitoka amri ya kima cha chini cha mshahara kwa wafanyakazi wa nyumbani, kundi ambalo wasichana wengi wa vijijini huingia wanapofika Lusaka au Ukanda wa Shaba, mara nyingi katika nyumba ya ndugu anayesema atawasomesha.

Sheria haitekelezwi kwa kuandikwa tu. Lakini mama anayeijua anajua la kusema mbele ya polisi, na vituo vya polisi Zambia vina kitengo cha kusaidia waathirika wa ukatili.

(Muziki mfupi.)

SEHEMU YA SABA: HISTORIA HII NA SISI

MSIMULIZI: Makazi ya Mantapala yalifunguliwa mwaka 2018, wilayani Nchelenge, kwa ajili ya watu waliokimbia vita vya Haut-Katanga na Tanganyika. Familia zilipewa viwanja na mashamba. Wenyeji wa eneo hilo, wengi wao wa koo zilizotawanyika pande zote mbili za ziwa, wanaishi jirani nao. Mwanamke wa Pweto na mwanamke wa Chiengi wanaweza kukuta kwamba bibi zao walisema lugha moja.

Ipo tofauti kubwa kati yao. Mama wa Chiengi leo anapanda basi kwenda Kitwe bila kuomba ruhusa. Mama mkimbizi anahitaji kibali cha kutoka makazini, na akitaka kuajiriwa anahitaji kibali cha kazi. Bibi wa yule mama wa Chiengi ndiye aliyeteremshwa kwenye lori kwa kukosa cheti. Majirani zetu wenyeji wanabeba kumbukumbu hiyo katika nyumba zao. Ni jambo la kuzungumza nao, maana aliyewahi kunyimwa njia anaelewa haraka.

Hatusemi mtu avunje utaratibu. Mwanamke aliyekamatwa bila kibali njiani hupoteza bidhaa zake, na huenda akapoteza zaidi. Ombeni vibali mapema, hifadhini nakala, na anayekataliwa aulize sababu na mahali pa kupeleka malalamiko. Sheria ya wakimbizi ya Zambia ya mwaka 2017 ina ofisi yake ya Kamishna wa Wakimbizi, na huko ndiko maswali hayo yanapaswa kufika.

Tukiwatazama akina mama wa ufuo huu kwa miaka mia moja, waliosimama imara walikuwa na vitu vitatu. Walikuwa na shamba nyumbani, lenye mtu wa kulitunza. Walikuwa na mwanamke mwenzao upande wa pili, anayejua wanafika siku gani. Na fedha yao ilikuwa mikononi mwao wenyewe. Aliyekuwa na vyote vitatu alichagua safari yake. Aliyekuwa na viwili alihangaika lakini alifika. Aliyekosa vyote mara nyingi alipelekwa na wengine, kama wanawake wa enzi za misafara.

Mkimbizi aliacha shamba lake ng'ambo, labda likiwa limejaa. Kiwanja cha Mantapala hakiwezi kulipa hasara hiyo. Lakini kipando cha muhogo kinachochomekwa hapa leo kitakuwa chakula baada ya mwaka au miwili, na kitangoja. Kabla ya kuifuata fedha ya Kashikishi, panda kwanza, na mwambie mwenzako ni safu zipi azing'oe kwa ajili ya watoto.

MTANGAZAJI: Ahsante, msimulizi wetu. Wasikilizaji, haya ndiyo maswali ya kikundi. Wape nafasi wote, na akina mama waanze.

1. Katika ukoo wenu, nani alikuwa mwanamke wa kwanza kwenda kutafuta kazi mbali? Watu walimwita nani, na yeye mwenyewe angejiitaje?

2. Zamani karatasi ya mwanamke ilitegemea mume wake. Je, kadi ya familia yenu, kiwanja chenu na akiba yenu vimeandikwa jina la nani? Mwenye jina hilo akifa au akiondoka, nini kitatokea?

3. Msichana wa miaka 15 ameambiwa na ndugu kwamba atapelekwa mjini kusoma na kusaidia kazi za nyumbani. Wazazi waulize maswali gani kabla ya kumruhusu?

4. Kikundi cha wanawake watano kikitaka kununua chisense pamoja, kianze na nini? Miezi ya kufungwa kwa uvuvi kitaishi vipi?

Ukiona dalili za mtu kulazimishwa kazi au kudaiwa mwili ili apate samaki, nenda kituo cha afya, polisi, au kwa mfanyakazi wa ulinzi wa makazi yenu. Huna haja ya kwenda peke yako.

Tukutane tena katika kipindi kijacho. Kwa sasa, usiku mwema.

(Muziki wa kufungia.)